Chupa Iliyokataa Kuganda

3 Septemba

Mdogo wangu Mziwanda,

Natumaini barua hii inakukuta mzima, umekula na umelala. Sisi huku hatujambo, kwa kadiri tunavyoweza. Mama anakusalimu sana. Mkono wa kushoto bado haumtii, lakini mdomo umerudi sawasawa, tena umerudi na akiba ya maneno ya miezi yote aliyokaa kimya. Mjomba naye anakusalimu, bado anamlaumu kila mtu anayemjua. Jirani wa chini amejifungua mtoto wa kike.

Simu yako inaita mpaka inakata, kwa hiyo nimerudi kwenye karatasi. Mama amefurahi. Simu haisikii vizuri, ila barua anataka nimsomee mara mbili, mara ya pili polepole.

Sasa jambo lenyewe. Kile kiwanda cha sare nilichokueleza, kilicho safari ya saa nane kwa basi, kimenijibu. Wananitaka nikawe msimamizi wa mafundi cherehani ishirini. Ishirini, Mziwanda, mimi ambaye mpaka leo sijawahi kumsimamia hata paka wa jirani. Wananishikia nafasi mpaka tarehe mosi Machi, baada ya hapo wanachukua mtu mwingine. Wewe ulituambia mkataba wako ni wa mwaka mmoja na unaisha mwanzoni mwa Februari. Basi mambo yamekaa vizuri: unaingia, nakuonyesha dawa za Mama zinapokaa, natoka.

Hali ya hapa unaijua. Ngazi ni arobaini na nane kutoka mlangoni kwetu hadi uani, na Mama hajazishuka tangu alipougua, mwaka na miezi miwili sasa. Mara ya mwisho mimi na Mjomba tulijaribu kumshusha, tukateleza kwenye ngazi ya tisa, akaapa kwamba siku atakayoshuka tena atakuwa amelala chali na watu wanalia. Mimi nashuka pale tu jirani anapokubali kukaa naye.

Ndugu wamekubaliana wakutane uani kwetu Jumapili ya pili ya Februari, joto likiwa limepamba moto, wakupokee wewe na kuniaga mimi. Mama ataangalia kutoka dirishani. Ameshatangaza jengo zima kwamba mwanawe anachanganya vinywaji kwenye hoteli kubwa, vile vya barafu vinavyoliwa kwa kijiko, na kwamba siku hiyo watu watakunywa kokteli za barafu zilizotengenezwa humu humu ndani. Friza tunayo, blenda nitaazima. Nitumie maelekezo nianze kujaribu. Na uniandikie tarehe utakayofika.

Dada yako


29 Septemba

Dada mpendwa, shikamoo,

Barua yako nimeipata na nimeisoma nikiwa nimesimama. Mimi ni mzima. Mpe Mama shikamoo yangu, mwambie nimeinama mpaka chini. Mjomba mwambie alaumu kidogo kidogo, asije akaishiwa kabla sijafika. Hongera kwa jirani. Na hongera kwako wewe, msimamizi wa mafundi ishirini. Nilicheka peke yangu, watu wakanitazama.

Hoteli imejaa wageni. Joto limeanza huku na kila mtu anataka kitu cha barafu.

Maelekezo ni haya. Chukua maembe mabivu sita, menya, saga na sukari na maji ya ndimu nne. Mimina ramu chupa nzima, usiifanyie ubahili. Koroga, weka kwenye friza usiku kucha. Asubuhi utakuta imekuwa ngumu kama jiwe. Ikate kwa kisu, irudishe kwenye blenda, mimina kwenye glasi.

Kuhusu glasi uwe makini sana. Usimimine kitu cha barafu kwenye glasi iliyotoka kwenye maji moto, itapasuka shingoni. Zenye mguu mrefu zishike mguu unapozikausha, ukishika kinywa tu zinakatikia mkononi. Zikirudi kutoka kwa wageni zisuuze hapo hapo, maana nyama ya embe ikikaukia ukingoni haitoki hata kwa ukucha. Sukari ya ukingoni ndiyo balaa kabisa. Trei moja inabeba glasi ishirini na tano za kawaida, zenye mguu kumi na sita tu, usizibananishe.

Msalimie kila mtu.

Mziwanda


24 Oktoba

Mdogo wangu,

Salamu nyingi. Mama hajambo, kwa sasa anajifunza kufunga vifungo kwa mkono mmoja na anakataa kusaidiwa, kwa hiyo tunavaa kuanzia saa mbili mpaka saa tatu na nusu. Mtoto wa jirani analia vizuri. Mjomba ameacha kuongea na mtu mmoja zaidi.

Nimemsomea Mama barua yako mara tatu. Pale pa trei za glasi alisema, "Msikilize, anaongea kama mwenye hoteli."

Nimefanya ulivyosema. Nimesaga, nimemimina chupa nzima, nimeitia kwenye chupa kubwa ya kioo nimeiweka kwenye friza. Asubuhi nimekuta maji. Nikaongeza baridi, nikangoja usiku wa pili, maji. Usiku wa tatu imekuwa nzito kama dawa ya kikohozi, basi. Nikajua friza imekufa, nikamwita fundi friji. Amekuja, amefungua, ameweka mkono ndani, akauliza humu nimetia nini. Nikamwambia. Akasema friza yangu ni nzima kuliko yeye. Pombe kali haigandi kwenye friza ya nyumbani, na mimi nimetia chupa nzima. Inatakiwa kidogo tu, tena matunda ndiyo yagandishwe kwanza.

Akauliza ni nani aliyenipa maelekezo hayo. Nikasema ni mdogo wangu, anachanganya vinywaji kwenye hoteli kubwa. Fundi akaanza kurudisha skrubu zake kwenye mfuko, moja moja.

Labda friza za hotelini zina nguvu zaidi. Hujaniandikia tarehe.

Dada


2 Desemba

Dada mpendwa,

Shikamoo, na samahani kwa kuchelewa. Nilikuwa na kazi nyingi na mafua. Natumaini Mama anaendelea vizuri na vifungo vimeanza kumtii. Huku mvua ilinyesha siku mbili kisha joto likarudi na hasira zake.

Ni kweli, friza za huku ni za namna nyingine kabisa, nilisahau. Fundi wako anajua kazi, fanya kama alivyosema. Nilitaka tu kuongeza kwamba glasi zikitoka kwenye mashine ziache dakika kumi kabla ya kuzipanga, mvuke ukinaswa ndani zinatoa harufu kama ya yai. Kitambaa cha kukaushia kisiwe kipya, kipya kinaacha manyoya.

Sehemu hii usimsomee Mama. Tarehe bado inapangwa. Kuna mambo ya ofisini. Nilikuwa nauliza, hicho kiwanda hakiwezi kusubiri miezi michache? Labda ukiwaeleza hali ya mgonjwa.

Nakupenda, unajua.

Mziwanda


20 Desemba

Mziwanda,

Mama hajambo. Wote hawajambo. Salamu zimeisha.

Kiwanda hakisubiri, nimekuandikia tangu barua ya kwanza. Nakaa kwenye chumba ambacho cherehani iko kati ya kitanda changu na dirisha, nikitaka kuchungulia nje lazima niinamie juu yake. Mama ana kijiko na glasi tupu pembeni ya kitanda chake, akinihitaji anagonga. Anagonga mara thelathini kwa siku. Mara nyingine hanihitaji, anataka tu kujua kama nipo. Nipo. Nitakuwa wapi? Mwanzoni mwa mwezi huu jirani hakuweza kukaa naye, sikushuka siku tisa. Siku ya kumi nilipofika uani miguu ilinitetemeka kama mtoto anayejifunza kutembea, na nilikasirika mpaka nikalia mbele ya mtu aliyekuwa anaanika nguo.

Nampenda Mama. Lakini naisubiri tarehe mosi Machi kama mtu aliyezama anavyosubiri kupumua, na wewe ndiye umeshika mlango. Ukiniambia huji, nitajua la kufanya na maisha yangu. Ukiendelea kunipaka mafuta kwa mgongo wa chupa, nitakaa hapa nikikusubiri mpaka nizeeke.

Nimezisoma barua zako zote tena. Maembe yako huyagandishi kwanza, ramu yako haigandi, lakini ukingo wa glasi unaujua mpaka kwa ukucha. Hakuna mchanganyaji wa vinywaji anayejua glasi ngapi zinaingia kwenye trei. Unafanya kazi gani huko? Uniambie ukweli, na uniambie lini unarudi. Nijibu hayo mawili tu, ya glasi yatosha.

Dada


15 Januari

Dada,

Shikamoo. Mimi ni mzima wa mwili.

Naosha vyombo. Glasi hasa. Chumba chetu kiko chini ya hoteli, kina dirisha moja refu juu kabisa, usawa wa njia ya watu, kwa hiyo tangu asubuhi naona viatu tu. Naweza kumtambua meneja kwa soli. Trei zinashuka kwa lifti ndogo ya mizigo, zinapanda kwa lifti hiyo hiyo, na mimi sijawahi kufika baa. Glasi mia sita kwa siku, siku za joto zaidi. Ninachokijua kuhusu vinywaji ni kile kinachobaki chini ya glasi. Nilinusa embe, nikanusa ndimu, nikanusa ramu, nikakuandikia. Sikujua kama haigandi.

Simu tunaacha kwenye sanduku tunapoingia kazini, na tukitoka ninyi mmeshalala. Hilo ni kweli. Lakini ni kweli pia kwamba nikiona ni wewe, wakati mwingine naiacha iite.

Mkataba si wa mwaka mmoja. Nilisaini miaka mitatu, nikawaambia mmoja, maana ulikuwa umenitazama kwa jicho lile na nilijua ukisikia mitatu utasema nisiende. Nilidhani nikifika nitaongea nao. Pasi yangu ya kusafiria iko kwenye kabati la ofisi pamoja na za wenzangu wote, na ufunguo anao mtu ambaye kila nikienda yuko likizo. Imebaki miaka miwili. Nimeona haya kukuandikia. Kila nilipoanza, kalamu ilikwenda yenyewe kwenye glasi.

Umesema mimi ndiye nimeshika mlango. Ni mimi, na mimi mwenyewe nimefungiwa. Nisamehe kama unaweza, na kama huwezi nitaelewa.

Nakuomba kitu kimoja. Barua hii usimsomee Mama. Muache aendelee kujivunia mtu aliyeko baa. Nitatafuta la kusema mwakani.

Mziwanda


18 Februari

Mdogo wangu,

Natumaini u mzima. Mama hajambo, kweli hajambo, utaona. Mjomba hajambo, ila Jumapili alipiga maji mpaka akapatana na watu watatu.

Barua yako ilifika siku nne kabla ya mkutano. Niliisoma jikoni, nikaikunja, nikaendelea kukata maembe. Nilikata vibaya. Sikukuchukia, nilikuwa nimechoka tu, kama mtu aliyesimama foleni mwaka mzima kisha dirisha likafungwa. Niliamua sitamwambia mtu, nitawapa kokteli zao, wageni wakiondoka nitakiandikia kiwanda kwamba siji.

Maelekezo ya fundi yalikubali. Unagandisha vipande vya embe vikiwa vimetandazwa ndani ya mifuko bapa, vikiwa tayari unavisaga na vijiko vichache vya ramu, basi. Inatoka laini, inasimama kwenye kijiko. Tatizo lilikuwa ngazi. Nilijaribu kushuka na glasi sita kwenye sinia. Nilipofika uani nilikuwa nimebeba juisi. Fundi akasema dawa ni moja, friza yenyewe ishuke, tuichomeke kwa jirani wa chini. Jumapili asubuhi akaja na mwenzake na ile mikanda yao mipana ya kubebea mafriji, inayopita mabegani. Wakaiinua, ngazi arobaini na nane, hawakusimama hata mara moja.

Mama aliona yote kutoka kitandani, mlango ulikuwa wazi. Fundi aliporudi kuchukua mfuko wake, Mama akagonga glasi.

"Friza ile ina uzito gani?"

"Kama kilo sitini na tano, mama."

"Mimi sifiki hamsini na tano," Mama akasema. "Na mimi nina mkono mmoja wa kujishikia, friza haina hata huo."

Nilikataa. Nilikumbuka ngazi ya tisa. Mama akasema hakuniuliza mimi. Wakamkalisha kwenye kiti cha mkono, wakapitisha mikanda chini yake, wakamfunga na shuka kifuani. Mimi nilitangulia kinyumenyume, nikahesabu kila ngazi kwa sauti, na kwenye ya tisa nilifumba macho. Walipomweka uani aliangalia kwanza anga, halafu akaangalia juu kwenye dirisha letu, akasema kumbe ni dogo hivyo.

Mziwanda, mwaka na nusu. Nilikuwa namngoja mtu ashuke kwenye ndege, kumbe kilichotakiwa ni mikanda miwili na watu wawili wanaojua kubeba. Niliona haya kuliko wewe.

Kokteli zilipendwa. Mama alipewa isiyo na ramu, akaonja ya Mjomba kwa siri. Kisha Mjomba akasimama akasema kwa kuwa kijana amecheleweshwa na kazi, basi barua yake isomwe mbele ya watu. Nilikuwa nayo mfukoni. Nilifungua, nikasoma shikamoo, nikasoma mimi ni mzima, nikaanza kutafuta pa kurukia. Mama akagonga glasi yake.

"Leo soma na zile sehemu unazorukaga," akasema. "Kilichopooza ni mkono. Macho yako yanavyoruka mistari nayaona."

Nikasoma yote. Nikasoma mpaka pale uliponiomba nisisome. Najua uliniomba. Sikuweza tena kukutunzia uongo wako huku nautunza na wa kwangu, kwamba bado naondoka, na kama ni kosa, ni kosa langu nimelifanya mchana kweupe.

Mama akauliza, "Glasi mia sita?" Nikasema ndivyo ulivyoandika. Akasema, "Na hapa kikombe chake kilikuwa kinaota ukungu chini ya kitanda." Wakacheka wote, na yeye alicheka, kisha akalia, akaniambia nimfute upande ule asioufikia.

Baadaye akauliza kama kiwandani kuna ngazi. Nikamwambia chumba wanachonipa kiko chini, mlango unafungukia barabarani. Akasema basi tunangoja nini. Tunahama tarehe ishirini na sita, na friza. Nyumba tunarudisha kwa mwenyewe. Anwani mpya nimeiandika nyuma ya bahasha.

Dada


20 Machi

Dada, shikamoo, na Mama shikamoo,

Natumaini mmefika salama na kiwanda kimekupokea vizuri. Mimi ni mzima.

Nilipofika pale pa Mjomba kusimama niliikunja barua nikaitupa kwenye pipa la maganda ya ndimu. Nilikukasirikia siku mbili nzima, nilivunja glasi saba na sikuandika hata moja kwenye daftari la vilivyovunjika. Siku ya tatu niliitoa, ina madoa lakini inasomeka. Pale pa kikombe chenye ukungu nilicheka kama mjinga, mwenzangu akazima mashine aone nina nini. Sasa nikiwapigia simu sitakuwa na cha kutunga, ila bado saa zetu hazikutani.

Nilimuuliza meneja kuhusu pasi yangu, usoni, si kwenye soli. Amesema miaka mitatu ni miaka mitatu. Kwa hiyo bado niko chini. Joto limepungua, glasi zimekuwa mia nne na hamsini.

Naomba kukuuliza jambo, na unijibu, usinijibu kwa habari za vitambaa kama mimi nilivyokujibu kwa glasi. Ufunguo wa nyumba ile bado ninao. Nauvaa shingoni tangu nilipotoka, usiku naulalia mpaka unaniacha alama. Siku nilizokuwa naona dirisha hili linanibana, nilikuwa naushika, najua kuna mlango mahali fulani unaofunguka nao. Sasa nyumba mmeirudisha. Hamkukosea, ningekuwa ninyi ningefanya hivyo hivyo. Lakini miaka miwili ikiisha nikitoka hapa na begi langu, nitarudi wapi?

Mziwanda


9 Aprili

Utarudi hapa.

Nimeanza na hilo kabla ya salamu ili usihangaike kulitafuta. Mlango ni wa bluu, haufungwi mchana, kwa sababu Mama anakaa hapo hapo kizingitini kwenye kile kiti cha mkono, anaongea na kila anayepita. Huhitaji ufunguo. Ukitaka kuendelea kuuvaa, uvae.

Sasa salamu. Sisi hatujambo. Mafundi wangu ni ishirini na wawili, wawili kati yao hawanipendi. Mama ameacha kugonga glasi, siku hizi anaita tu, na ananiita mara chache mpaka nageuka kuhakikisha yupo. Wiki hii joto lilirudi kidogo, tukatengeneza kokteli za embe jioni baada ya kazi, Mama na mimi na hao wawili wasionipenda. Kila mtu ameosha glasi yake. Mama ameamuru hivyo, anasema wewe umeshaosha za kutosha.

Ile chupa yako ya kwanza, yenye ramu nzima, imesafiri na sisi ndani ya friza saa nane kwenye lori. Mpaka leo haijaganda. Nilitaka kuimwaga nipate nafasi ya mifuko ya embe, Mama akanizuia, akasema iache ilipo, utakuja kuimaliza mwenyewe.

Dada yako